Mume wangu anabeti usiku kucha na mikopo imemjaa, je huu ni uraibu wa pesa au katupiwa kitu?

SWALI: Shikamoo dokta. Nipo Morogoro, nina miaka 34, mume wangu ana duka la spea za pikipiki. Miaka yote namjua kama mtu wa kutafuta, anafungua saa moja asubuhi anafunga usiku, hata Idi yuko dukani, mi nikawa nasema huyu mtu hela imemlewesha. Mwezi uliopita nikakuta meseji kwenye simu yake, kumbe anabeti, mikeka na kale kamchezo ka kindege kwenye simu, ana mikopo ya mtandaoni kama sita na mwingine wa kausha damu ambao kaweka kadi ya bodaboda yetu. Ni mtu wa swala tano, hanywi, havuti. Nilivyomuuliza akalia, akaapa mpaka kwa msahafu, wiki haijaisha karudia. Shangazi yake anasema katupiwa jini la hela. Nina akiba yangu ya kikoba milioni mbili na kidogo, nataka nimlipie madeni tuanze upya. Je uraibu wa pesa upo kweli? Na je nimlipie?

JIBU: Marahaba dada yangu, na pole sana. Umeuliza mawili na la pili ndo lina haraka kwa hiyo naanza nalo. Hiyo hela ya kikoba usiitoe kwanza. Sijasema usimsaidie, nimesema usimlipie, na kabla hujaniona nina roho mbaya naomba unisome mpaka chini maana sababu inatokana na huo ugonjwa wenyewe.

Sasa hili la uraibu wa pesa. Ukifungua vitabu tunavyotumia kupima magonjwa ya akili hukuti ugonjwa unaitwa hivyo. Hukuti pia uraibu wa kununua vitu wala wa kazi, japo watu wanaumia navyo kweli na tunakaa nao tunawasaidia. Kilichomo ni kamari. Chama cha madaktari wa akili cha Marekani waliiingiza kwenye kitabu chao mwaka 1980 ila wakaiweka kapu moja na watu wanaoshindwa kujizuia kuiba vitu au kuchoma moto, alafu mwaka 2013 wakaihamisha wakaiweka sura moja na pombe, bangi na heroini. Shirika la Afya Duniani nao kwenye orodha yao ya magonjwa iliyoanza kutumika Januari 2022 wameweka kamari na wameongeza magemu ya video. Mumeo kama mtu wa swala anaijua aya ya 90 ya Al-Maida, pale ulevi na kamari vimetajwa pamoja, kwa hiyo sisi watu wa hospitali tumefika tumechelewa kidogo.

Kwa hiyo mumeo haumwi pesa. Angekuwa anaumwa pesa angezikumbatia. Mtu wa kulimbikiza utamjua tu, ana hela benki na mtoto anarudishwa ada, anahesabu, anaficha, kutoa elfu tano inamuuma kama anatolewa damu, na ukikaa nae ukamchimba unakuta alikulia kwenye njaa au alimuona baba yake anafilisika, yani anaendeshwa na hofu. Huyo nae ana shida yake lakini ni shida nyingine kabisa. Wa kwako hela haikai. Inaingia mchana, usiku haipo.

Na kuna kitu umeandika ukapita haraka, kwamba anafungua saa moja anafunga usiku na hata Idi yuko dukani. We umekisoma kama uchu wa hela. Mi nikikisoma pamoja na mikopo sita naona kingine, kwamba dukani ndo kuna droo ya mauzo, ndo kuna laini ya biashara yenye salio, na ndo sehemu pekee mjini ambayo hakuna mtu wa kumuuliza unaangalia nini kwenye simu. Hebu jiulize masaa ya dukani yaliongezeka lini, na je mzigo kwenye shelfu uliongezeka pia au ulipungua? Mtu anaefanya kazi masaa kumi na tano na matairi kwenye duka yanazidi kupungua hana uraibu wa kazi, anaziba mashimo.

Tuje kwenye kinachotokea kichwani maana hapa ndo watu wengi wanakosea wakidhani ni ulafi. Miaka ya tisini kuna mtafiti anaitwa Wolfram Schultz alikuwa anapima seli za ubongo za nyani, zile zinazotoa kemikali inayoitwa dopamini. Nyani anapewa tone la juisi, seli zinawaka. Baadae wakawa wanawasha taa kwanza alafu juisi ndo inakuja, na nyani akishazoea, seli zikawa zinawaka taa inapowaka, juisi ikifika hazishtuki tena. Na taa ikiwaka alafu juisi isije, zinazima zaidi ya kawaida. Mwaka 2003 timu yake ikaja na jambo lingine ambalo kwa kesi ya mumeo ndo lenyewe, kwamba juisi ikiwa haina uhakika, yani nusu kwa nusu inaweza kuja inaweza isije, seli zinazidi kupanda muda wote wa kusubiri. Kwa hiyo kinachomlewesha mumeo ni kule kusubiri. Dakika ya 88 timu inaongoza moja bila, au kindege kinapanda na hela inaongezeka ila kikitoweka kabla hajaitoa amepigwa, kidole kiko kwenye kitufe, pale ndo analewa, hela ikiingia au isipoingia sherehe imeshaisha na anatafuta nyingine. Ndo maana hata akishinda haachi. Muulize kwa upole siku moja, ile siku uliyokula nyingi kuliko zote ulifanyia nini? Wengi jibu lao ni kwamba iliisha kesho yake, humo humo.

Najua shangazi atasema hayo ni maneno ya kizungu. Basi kuna jambo moja linanishawishi mimi kuliko vipimo vyote vya nyani. Kuna wagonjwa wa Parkinson, ule ugonjwa wa kutetemeka unaowapata sana wazee, wanapewa dawa zinazoiga dopamini, mojawapo inaitwa pramipexole. Madaktari wa nchi nyingi wameona baadhi ya wazee hao, watu ambao maisha yao yote hawajawahi kugusa kamari, wameanza dawa na baada ya muda wanacheza mpaka nyumba inataka kuuzwa, wengine wanaingia kwenye kununua vitu hovyo, wengine ngono. Dozi ikipunguzwa au dawa ikibadilishwa, wengi wao hali inatulia. Mzee yule yule, imani ile ile, tabia ile ile aliyolelewa nayo. Sasa hapo utasema alikuwa na tamaa miaka sabini ikajificha? Na jini gani linaondoka kwa kupunguziwa kidonge? Sisemi mumeo hana jukumu, analo, na nitakwambia lipi, ila nataka uondoe hasira ya kwamba anawapenda kidogo kuliko hela.

Alafu hii michezo yenyewe imetengenezwa na watu wanaojua hesabu. Chukua mkeka wa timu kumi, zote zile ambazo kila mtu kijiweni anasema hizi lazima, odi 1.50 kila moja, yani ikishinda dau linazidishwa mara moja na nusu. Zikitiki zote elfu moja inazaa kama elfu 57, hapo ndo macho yanapotoka. Ila tuseme kampuni inabakiza asilimia 5 kwenye kila mechi, maana yake nafasi halisi ya kila timu kushinda ni kama 63 kwa 100, na ukizizidisha zote kumi unapata mkeka mmoja unaokubali kwenye karibu mikeka mia. Unalipwa 57 kwa kitu kinachotokea mara moja kwenye mia, basi. Lakini hiyo sio sehemu mbaya. Sehemu mbaya ni mkeka uliochanika kwa timu moja tu, huo kwa hesabu hiyo hiyo unatokea kama mara sita kwenye mia, yani kila anaposhinda mara moja kuna mara sita hivi amebaki anashika kichwa anasema ni Arsenal tu ndo wameniangusha. Na mwaka 2009 watafiti wa Cambridge waliwapiga picha za ubongo watu wakiwa wanacheza mashine, wakakuta kukosa kidogo kunaamsha baadhi ya sehemu zile zile zinazoamka mtu akishinda, na japo wenyewe wanasema inakera, hamu ya kuendelea inapanda. Mkeka wa timu nyingi ni kiwanda cha kukosa kidogo. Mumeo akikwambia nilikuwa nimekaribia, hadanganyi, amekaribia kweli, ndo ulivyoshonwa.

Kindege ni kibaya kuliko mkeka na watu hawaelewi kwa nini maana kwenye karatasi kinaonekana chepesi, michezo ya aina hiyo inatangaza kwamba inarudisha 97 kwenye kila 100 inayowekwa, mtu anasema asilimia 3 ni nini bwana. Ni kwamba raundi haimalizi dakika. Mkeka unaweka mchana unasubiri mpaka usiku, angalau katikati umekula, umeswali, umeongea na mtu. Kindege akizungusha salio lake lote raundi 23 tu, kwa wastani nusu imeshaondoka, na raundi 23 ni muda wa kuchemsha chai. Na hapo hapo pembeni anaona majina yanapita, fulani kachukua mara 40 ya dau lake, fulani mara 112, haoni waliopigwa. Pia kile kitufe cha kutoa hela kinampa kuamini kwamba kuna ujanja, angewahi kidogo, angevumilia kidogo, kwa hiyo akipoteza anajilaumu yeye na kurudi kurekebisha.

Kuna mteja wangu aliniruhusu nitumie stetimenti yake bila jina. Saa 5:12 usiku mkopo wa app umeingia, elfu 60. Saa 5:13 imetoka elfu 20 kwenda kampuni ya kubeti. Saa 5:19 elfu 20 nyingine. Saa 5:31 elfu 15. Saa 5:33 elfu 3. Saa 5:40 kanunua umeme wa elfu mbili. Ukiacha makato hiyo ndo elfu 60 yote, chini ya nusu saa, akiwa kitandani na mkewe amelala pembeni, na asubuhi mke akakuta LUKU imewekwa akashukuru. Nakuonyesha hii kwa sababu ukiikaza macho unaona hakuna sehemu ya kupumua. Zamani mtu wa kamari ilibidi avae, atoke, aende kasino au kwenye mashine za mtaani, hela ikiisha arudi nyumbani kwa miguu, na ule mwendo wenyewe ulikuwa dawa. M-Pesa ilianza Kenya 2007 na kwetu 2008, ikatusaidia mno sitaki kuitukana, ila sa hivi pochi, kasino na mkopeshaji wote wanaishi kwenye simu moja na kutoka kwa mmoja kwenda kwa mwingine ni sekunde. Serikali zinahangaika nalo, Kenya mwaka 2019 walikataa kuhuisha leseni za kampuni kadhaa kubwa na 2025 wakasimamisha matangazo ya kamari siku 30, Uganda rais alisema 2019 leseni mpya basi, sisi tuna Bodi ya Michezo ya Kubahatisha chini ya sheria ya 2003 na umri ni miaka 18. Yote hayo hayamfikii mtu saa tano usiku chini ya shuka.

Sasa ndo urudi kwenye milioni mbili yako. Tunapopima ugonjwa wa kamari kuna dalili tisa, mtu akiwa na nne ndani ya mwaka tunasema anao. Anaongeza dau ili asikie raha ile ile, anakuwa na gubu akijaribu kuacha, amejaribu kuacha akashindwa, kichwa kizima ni hiyo tu, anacheza akiwa na mawazo, anarudi kesho kufukuzia hela iliyopotea, anaficha na kudanganya, ameweka ndoa au kazi rehani, na ya tisa, anategemea watu wengine wamuokoe kifedha. Umeona hiyo ya mwisho? Kuokolewa kumo kwenye orodha ya dalili. Ukimlipia leo yanatokea matatu. Kwanza zile app za mikopo zikilipwa kwa wakati zinampandishia kiwango, aliyekuwa anakopeshwa laki anakuwa anakopeshwa laki mbili, kwa hiyo umemuongezea mtaji wa kamari. Pili ule mzigo ambao ndo ulimfanya alie mbele yako unaondoka kabla hajajifunza chochote. Tatu, akilini mwake hela ya kikoba sasa ni hela inayoweza kupatikana, na akipigwa tena atakuja na hadithi ya mzigo umekwama Kariakoo. Nimeona wake wamelipa mara mbili, mara tatu, mwisho wanauza kiwanja cha urithi wao.

Unachofanya badala yake ni kuikata njia ya hela. Mtu asiyeweza kujizuia hela isipitie mkononi mwake, kwa muda, kwa makubaliano, yeye akijua na akiwa amekubali. Laini ya biashara na lipa namba vije kwako au kwa mtu mnayemwamini wote wawili. Mauzo yanahesabiwa jioni pamoja, mbele ya yule kijana wa dukani kama yupo. Mzigo ukiisha we ndo unamtumia muuzaji wa jumla hela moja kwa moja, haipiti kwake. Yeye anabaki na hela ya chakula na nauli, taslimu. Simu yake ikiwezekana kwa miezi ya mwanzo iwe ya kitochi, najua mwanaume mwenye duka kutembea na kitochi inauma, lakini wale wanaokubali hili nawaona wanapata unafuu mapema. Kama simu janja lazima ibaki basi app za kubeti na za mikopo zitolewe, kampuni nyingi zina sehemu ya kujifungia akaunti zitumieni kila kampuni aliyojisajili, na kuna programu ya bure inaitwa BetBlocker inafunga tovuti za kubeti, iwekwe. Hakuna hata kimoja hapo ambacho hakiwezi kuzungukwa, mjanja atapata laini nyingine, ila kila kizuizi kinamrudishia ule mwendo wa miguu nilioutaja, zile dakika kumi ambazo hamu ikipanda inaweza kushuka yenyewe.

Madeni yaandikwe yote, kwenye daftari, kwa mkono wake. Yote maana yake na lile la rafiki yake na la fundi na la mahari ya mdogo wake kama ameila. Mara nyingi listi ya kwanza ni nusu, usishtuke ya pili ikija. Kati ya hayo la kausha damu ndo pekee ambalo ningefikiria uliguse, kwa sababu kadi ya bodaboda imeshikwa na riba ile haina huruma, ila hata hilo usimpe yeye hela, nenda mwenyewe na mtu mzima wa ukoo, jadilianeni, mlipe mkononi kwa maandishi na kadi uondoke nayo. Hizi za app, tofautisheni zenye kibali na zisizo nacho, Benki Kuu Novemba 2024 walitangaza majukwaa na app 69 za mikopo zilizokuwa zinafanya kazi bila kibali. Sikwambii msilipe, hela mliyochukua ni deni, nakwambia msikope app hii kulipa ile, na wakianza kupigia simu mashemeji na imamu kumdhalilisha hifadhini meseji mkaripoti. Mpange kulipa kidogo kidogo kutoka kwenye mauzo, yeye mwenyewe aone deni linavyochukua miezi kuisha.

Kuhusu kiapo. Tafadhali usimuapishe tena. Mtu mwenye ugonjwa huu akiapa kwa msahafu huwa anamaanisha, na akivunja anajiona hana tofauti na kafiri, na mtu anaejiona ameshaharibikiwa ana sababu moja zaidi ya kutafuta kitu cha kumsahaulisha, na kitu hicho kipo mfukoni. Aibu ndo inalisha hili jambo. Badala ya kusema niahidi hutorudia, sema ukirudia niambie siku hiyo hiyo. Kurudia kupo, karibu kila mtu anateleza, na aliyeteleza akasema jioni hiyo yuko mbali sana na aliyeteleza akaficha miezi mitatu.

Na shangazi usigombane nae. Dua isomwe, asomewe ruqya kama mnaona inampa utulivu, nimeona watu imewasaidia kurudi msikitini na kutoka upweke. Mpaka wangu uko kwenye hela tu, mganga akitaka mbuzi na laki tatu hapo mnatoka kwenye kamari moja mnaingia nyingine.

Matibabu yapo. Hospitali ya rufaa ya mkoa hapo kwenu ulizia kitengo cha afya ya akili, mkiweza kufika Muhimbili au Mirembe Dodoma nako ni sawa. Nasikitika kwamba kwa heroini tumejipanga, Muhimbili wanatoa methadone tangu 2011, ila kwa mtu wa kamari kliniki yake peke yake ni ngumu kuipata, kwa hiyo mkifika pokezi msiseme ana mawazo tu, semeni neno kamari wazi wazi. Kinachofanyika zaidi ni maongezi yenye mpangilio, wiki kwa wiki, anajifunza kujua hamu inaanzaje, saa ngapi, baada ya nini, na zile imani kama eti nimepigwa mara tano kwa hiyo ya sita lazima, tunazifungua moja moja. Kindege hakikumbuki raundi iliyopita. Wengine tunawapa dawa inaitwa naltrexone, ile inayotumika kwa walevi, baadhi inawapunguzia hamu, lakini hiyo aamue daktari aliyemuona. Na kama ana sonona chini yake lazima itibiwe pia.

Hapa nisikilize vizuri. Watu wenye ugonjwa wa kamari na madeni wako kwenye hatari ya kujiua zaidi ya watu wa kawaida, na huwa hawaonyeshi. Akianza kusema mngekuwa na nafuu bila mimi, akianza kugawa vitu, akikaa kimya ghafla baada ya wiki za kuhangaika, muulize moja kwa moja kama anafikiria kufa. Kumuuliza hakumpi wazo. Akijibu ndio au akizunguka, usimuache peke yake, ondoa sumu na dawa za ndani, mpelekeni hospitali usiku huo huo, habari ya madeni itasubiri.

Alafu angalia asihame. Akiacha kindege kuna rafiki atamletea forex au sarafu za mtandaoni, atakwambia hii ni biashara, ina chati na kuna kozi. Kwa mtu mwingine inaweza kuwa biashara. Kwa mumeo ni kusubiri kule kule kumevaa tai. Hata kufungua duka masaa kumi na tano kwa kisingizio cha kulipa madeni usikubali, afunge saa kumi na mbili arudi, na ule muda wa kati ya Isha na kulala ndo wa kuujaza kwanza, watoto, barza, darsa, mpira wa kuangalia na watu wasiobeti kama bado wapo. Siku ya Simba na Yanga na wikiendi za ligi za Ulaya jipangeni mapema zitakuwa ngumu.

Na wewe je? Naona umeandika unaamka usiku kuangalia kama simu yake inawaka. Hapana samahani, hukuandika hivyo, ila nimeona wake wengi nabashiri uko njiani. Anaanza kuamka saa nane kupekua, asipokuta kitu haamini, anarudi saa tisa. Hiyo ni ile ile ya nyani na taa, sasa hivi leo nitakuta, sasa hivi leo sitakuta. Hesabu za jioni zikishakuwa wazi acha kupekua, lala. Kikoba chako kiendelee, usiwe mdhamini wa mkopo wake wowote, na tafuta mtu mmoja wa kumwambia, dada yako au mama, maana siri hii ukiibeba peke yako itakuumiza.

Kumwambia usimwambie usiku wa mechi wala akiwa ametoka kupigwa, hatosikia. Jumanne asubuhi baada ya alfajiri, watoto hawajaamka, daftari likiwa mezani, mwambie hela ya kikoba ipo na hutaitoa, na mwambie kwa nini. Anaweza kukasirika siku mbili tatu. Akikubali kwenda hospitali achukue stetimenti ya miezi mitatu ya laini zote, pamoja na ile ambayo hujawahi kuijua, na aje nayo vile vile ilivyo asiifute hata muamala mmoja.